Kuirudisha bustani ya bibi: shajara ya mradi

Nyumba ya bibi iliuzwa, na aliyeinunua akamwaga zege pale palipokuwa na maua. Simlaumu, alihitaji pa kuegesha gari. Mimi nimebaki na kumbukumbu za mtoto wa miaka mitano na kipande cha ardhi nyuma ya nyumba ninayoishi sasa. Nataka kuipanda upya bustani ile, ua kwa ua. Nitaandika kila hatua ikikamilika, ili mwenye nia kama yangu achukue kinachomfaa na aruke mashimo niliyotumbukia. Bei sitazitaja kwa sababu kila mahali zina zake. Gharama nitazihesabu kwa jioni zilizopotea na mimea iliyokufa.

2 Februari. Orodha kabla ya maswali

Nimekaa na daftari, nimeandika kila ninachokikumbuka kabla ya kumpigia mtu yeyote simu. Katika shajara yote hii, huu ndio ushauri ninaouamini zaidi: andika chako kwanza. Ukishasikia masimulizi ya mwenzako, huwezi tena kujua kipi ulikiona na kipi uliambiwa.

Daftari linasema hivi. Asumini imetambaa ukutani karibu na dirisha la jikoni. Waridi jekundu liko mlangoni, harufu yake nzito. Katikati kuna vichaka vya ua tulilokuwa tukiliita "saa kumi", maana bibi alisema linafunguka saa kumi jioni. Kuna beseni la mawe ambamo ndege hunywa maji. Kuna njia ndefu ya kukimbia mpaka pumzi ikate. Na bibi anamwagilia, kimya.

Kisha nikampigia dada. Kuhusu asumini tulikubaliana. Kuhusu saa kumi tuligombana kidogo: yeye anashikilia yalikuwa ya manjano, mimi nasema mekundu. Mdogo wetu wa mwisho hakumbuki bustani kabisa, wala si ajabu. Alikuwa na miaka miwili, na watu wazima wengi hawana kumbukumbu ya kuaminika ya kabla ya miaka mitatu hivi.

20 Februari. Nimelima bustani isiyokuwepo

Nilipima kwa kumbukumbu: mita 9 kwa mita 6. Nimelima jioni 14 mfululizo, mpini mmoja wa jembe umevunjika, viganja vimejaa malengelenge. Jana mama akanitumia picha aliyoikuta kwenye sanduku la nguo. Niko mlangoni kwa bibi, nimekunja uso kwa jua, na bustani yote iko nyuma yangu. Yote. Inaonekana mwanzo na mwisho.

Mlango wa kawaida una urefu wa karibu mita 2, kwa hiyo nilichukua rula nikautumia mlango kama kipimo. Kutoka fremu hadi pembe ya ukuta hazifiki mita 4. Upana siwezi kuupima kwa njia hiyo, kwa sababu picha huvifupisha vitu vinavyoelekea mbali. Nikamuuliza mama, akasema, "Hatua zangu tatu au nne, si zaidi." Nimekadiria mita 2.6. Bustani nzima ni mita 10 za mraba, nami nimelima 54.

Baada ya hasira kuisha nimeona kosa lilikotoka. Mtoto wa miaka mitano ana kimo cha mita 1.1 hivi, na hatua yake ni nusu ya yangu. Ile njia ya kukimbia mpaka pumzi ikate ilikuwepo kweli, ila nadhani niliizunguka mara kumi.

Nimechora upya kamba na vigingi, mita 3.9 kwa 2.6. Eneo lililobaki nimelifunika kwa matandazo. Ukitaka kuifuata kazi hii, tafuta picha kabla ya kutafuta jembe.

6 Machi. Beseni

Siku mbili za mawe, mchanga na saruji. Limependeza kuliko nilivyotarajia. Nikalipiga picha nikamtumia dada. Jibu lake: "Beseni gani hilo?"

Nikambishia. Nilimweleza jinsi ndege mmoja alivyoinua kichwa na tone likabaki kwenye mdomo wake. Dada akamuunganisha mama kwenye simu, na mama akacheka sana. Beseni lilikuwa kwenye kalenda. Kalenda ya bibi ilining'inia jikoni miaka mingi hata baada ya mwaka wake kupita, kwa sababu alipenda ile picha: bustani ya watu wengine, mbali huko, yenye beseni la mawe na ndege.

Mwaka 1995 mwanasaikolojia Elizabeth Loftus na mwenzake Jacqueline Pickrell waliwapa watu 24 visa vya utotoni mwao, kimoja kikiwa cha uongo: kwamba waliwahi kupotea kwenye jengo la maduka. Karibu robo yao walikikumbuka kisa hicho, kwa ukamilifu au kwa sehemu. Nilikuwa nimesoma habari hiyo zamani na kujiambia hao ni watu dhaifu.

Nililiacha beseni kwa sababu ya ubishi tu. Baada ya wiki moja maji yake yalikuwa yamejaa viluwiluwi vya mbu. Nikalivunja, na mawe yake sasa yameshika kingo za tuta. Kinachoniudhi ni kwamba tone kwenye mdomo wa ndege nalo bado naliona, tena waziwazi kuliko uso wa bibi.

10 Machi. Mbegu za saa kumi

Kazi rahisi, nitaipita haraka. Mbegu ni nyeusi zenye mikunjo, mtu aweza kudhani ni pilipili manga. Nililoweka 20 usiku mmoja, nikazifukia kina cha sentimita 2, na 17 zimechipua ndani ya siku 11. Kati ya mche na mche acha nusu mita, maana mmea huu hutanuka. Kama kuna watoto nyumbani, waonye: mbegu na mizizi yake ni sumu. Sisi tulizichezea kama pesa, na sijui kwa nini hakuna aliyezitafuna.

28 Machi. Asumini: vitawi 12, vimeoza 9

Nilikata vitawi 12 vya urefu wa kiganja, nikavichomeka kwenye udongo mweusi wenye mboji nyingi, nikavimwagilia asubuhi na jioni kama ninavyomwagilia mgonjwa. Vimeoza kuanzia chini, vimegeuka rangi ya chai. Vitatu vilivyopona ni vile nilivyovisahau kivulini nyuma ya pipa.

Marekebisho: nusu mchanga, nusu mboji. Ondoa majani ya chini, bakiza mawili au manne ya juu. Funika kwa chupa ya plastiki iliyokatwa kitako ili unyevu ubaki hewani badala ya kujaa udongoni. Mwagilia pale tu kidole kinapokuta pakavu. Kundi la pili: vitawi 8, vimeshika 6. Mizizi ilichukua wiki tano.

14 Aprili. Waridi lisilonukia

Hili limeniuma. Nilinunua mche wa waridi jekundu uliokwisha toa tumba mbili. Rangi ni ileile, ile nyekundu inayokaribia weusi kwenye mikunjo. Tumba ya kwanza ilipofunguka asubuhi nilipiga magoti, nikatia pua. Sikupata hata chembe. Ni kama kumkumbatia mtu aliyevaa nguo za bibi.

Nilidhani pua yangu ina kasoro, jirani naye akanusa: kitu hakuna. Kisha nikasoma. Waridi nyingi za siku hizi zimechaguliwa kizazi hadi kizazi kwa rangi, umbo na uwezo wa kudumu kwenye chombo baada ya kukatwa, na harufu ikaachwa njiani. Mwaka 2015 watafiti waliokuwa wakichunguza waridi zinazonukia na zisizonukia walionyesha kwamba kimeng'enya kimoja, NUDX1, kina kazi kubwa katika kutengeneza jeranioli, mojawapo ya vitu vinavyoipa waridi harufu. Kinapofanya kazi kidogo, harufu nayo hupungua. Mbolea haiwezi kurudisha kitu hicho. Nilijaribu hata hivyo, nikaunguza majani.

Marekebisho: usinunue waridi kwa macho. Nunua lililochanua, unuse mwenyewe, au omba kitawi kwa mtu mwenye mwaridi mkongwe. Nimepata kitawi kwa mama mmoja mzee, ua lake la rangi hafifu, petali zake zimelegea na zinapukutika baada ya siku mbili. Linanukia hadi barabarani. Si jekundu kama la bibi, na nimekubali nusu hiyo. Lile lisilonukia nimelihamishia mbele ya nyumba, wapita njia wanalisifu.

25 Mei. Saa kumi haiji saa kumi

Ua la kwanza. Nilitoka kazini mapema ili saa kumi kamili niwe nimekaa mbele yake. Saa kumi na nusu, kimya. Saa kumi na moja, kimya. Lilifunguka karibu na saa kumi na mbili, jua likiwa limekwisha kulegea. Mwanga na joto ndivyo vinavyoamua: siku ya mawingu lile la jana hubaki wazi hadi asubuhi imekomaa, siku ya jua kali la leo hukawia kufunguka. Mwaka 1751 Msweden Carl Linnaeus alipendekeza saa nzima inayosomwa kwa maua, kila aina na wakati wake wa kufunguka na kufunga. Wazo zuri, ila kwa ua hili angechelewa kila miadi.

Sasa ule ugomvi. Kichaka cha tatu kimetoa maua ya manjano na mekundu kwenye shina moja, na kuna ua ambalo upande mmoja ni manjano, mwingine mekundu, kama lililopakwa rangi na watu wawili wasiosemezana. Nilipiga picha nikamtumia dada bila neno. Akajibu, "Haya basi." Kwa dada yangu huo ni mkataba wa amani.

Niliposoma zaidi nilikuta kwamba mmea huu umewahi kuwachanganya wakubwa kuliko sisi. Mwaka 1909 Mjerumani Carl Correns alitumia miche ya ua hili yenye mabaka meupe kwenye majani, akakuta kwamba rangi ya majani ya mtoto inafuata tawi la mama lililozaa mbegu. Chavua itoke popote, haina usemi. Leo tunajua ni kwa sababu kloroplasti, zile chembe za kijani, katika mmea huu hupitia upande wa mama. Nimelipenda jambo hilo bila sababu ya kisayansi.

12 Juni. Pua imechoka

Nilipanga kupima bustani kwa harufu, kwa kuwa nilisikia kwamba harufu ndiyo ufunguo wa utoto. Msingi wake upo. Tunachokiona na kukisikia hupita kwanza kituo cha katikati ya ubongo kiitwacho thalamasi, lakini harufu ina njia ya mkato hadi sehemu zinazoshughulika na hisia na kumbukumbu. Na utafiti wa Johan Willander na Maria Larsson wa mwaka 2006, uliofanywa kwa wazee, ulionyesha kwamba kumbukumbu zilizoamshwa na harufu zilitoka zaidi kwenye miaka kumi ya kwanza ya maisha, ilhali zilizoamshwa na maneno au picha zilitoka zaidi kwenye miaka ya ujana.

Basi nikakaa katikati ya bustani saa nzima nikivuta pumzi kama mtu anayepanda mlima. Dakika za mwanzo nilinusa waridi, baadaye sikunusa chochote. Kosa la kitoto: pua huzoea harufu upesi na kuacha kuitangaza. Dawa ni kuondoka, kufanya kazi nyingine nusu saa, kisha kuingia kwa mlango. Pumzi mbili za kwanza ndizo zenye habari.

Nilifanya hivyo wiki nzima. Waridi ilinipa waridi. Saa kumi ilinipa utamu wake wa jioni, na nondo wakubwa wanaoifuata gizani. Bibi hakuja.

1 Julai. Kila kitu kipo

Asumini zimepandwa ukutani, zina majani tele na hakuna ua hata moja. Sababu naijua: niliipa samadi ya kuku kwa wingi, na nitrojeni ikizidi mmea hunenepa majani na kusahau kuchanua. Nimeacha samadi, nimepunguza mwembe wa jirani (kwa ruhusa) ili ukuta upate jua kwa muda wa saa sita hivi kila siku, na nimekata ncha za matawi. Nasubiri.

Ukiacha hilo, ramani imetimia. Vipimo sahihi, maua karibu yote sahihi, saa karibu sahihi. Na mimi nasimama humo kama mgeni kwenye jumba la makumbusho. Sikuandika chochote kwa wiki mbili kwa sababu ya aibu.

Jambo moja lilisaidia. Vichaka vya saa kumi hufika karibu mita 1. Mimi navitazama kutoka juu, naona vichwa vyake. Mtoto wa mita 1.1 aliviona uso kwa uso. Nimeunda kigoda cha sentimita 20 kwa vipande vya mbao vilivyobaki. Nikikikalia, macho yangu yako karibu mita 1 kutoka ardhini. Ghafla bustani ya mita 3.9 haina mwisho. Majani yanafunika ukuta, mwanga unapita kwenye petali badala ya kuzigonga juu. Gharama: mbao chakavu, misumari minane, jioni moja. Katika mradi wote hakuna kilicholipa hivyo, na laiti ningeanza nacho.

19 Julai. Kopo

Tangu Februari nimemwagilia kwa keni nzuri ya plastiki yenye kichujio. Juzi mpira wa jirani uliipasua ubavu. Sikungoja kununua nyingine, nikachukua kopo kubwa la bati, nikatoboa kitako kwa msumari, nikafunga waya wa kushikia. Bibi alikuwa na kopo kama hilo. Kwenye orodha ya Februari halimo. Niliandika "bibi anamwagilia" na sikuandika kwa chombo gani.

Kopo lenye matundu kitakoni halikupi nafasi ya kufikiri. Ukilijaza linaanza kumwaga papo hapo, kwa hiyo unakwenda mbio kutoka pipa hadi tuta huku umeinama, umelikinga kwa kiganja kwa chini. Maji yanapita katikati ya vidole, yanakudondokea mguuni. Yalikuwa ya baridi. Nilipofika kwenye vichaka nikaondoa kiganja, maji yakashuka, na bila kukusudia nikapangusa uso kwa mkono ule uliolowa.

Hapo ndipo alipokuja. Kiganja chake shavuni mwangu, akinifuta tope. Sikuona picha yoyote, nilipata harufu tu: bati, maji, udongo uliolowa. Nikakaa kwenye kigoda, kopo likajimaliza lenyewe miguuni pangu.

Nimekaa na jambo hili siku mbili kabla ya kuliandika. Miezi mitano nimetafuta harufu ya ua, kumbe harufu yenyewe haikuwa ya ua. Ile ya udongo inatoka kwa bakteria wa ardhini wanaotengeneza jeosmini, kitu ambacho pua ya binadamu hukinusa hata kikiwa kidogo mno. Ile ya bati ndiyo iliyonishangaza: harufu tunayoiita ya chuma, kwa sehemu kubwa si ya chuma. Ni mafuta ya ngozi yanayobadilika yakigusana na chuma. Kwa hiyo niliyokuwa nikiinusa miaka ile, nikidhani ni bustani, ilikuwa ngozi ya mkono wa bibi.

Ushauri kwa anayefuata, kama unafaa kitu: kwenye orodha yako ya maua ongeza safu ya pili, uandike kazi. Nani alifanya nini, kwa chombo gani, mikono ilishika wapi. Mimi niliandika nomino tupu.

9 Agosti. Asumini, na mama

Asumini imechanua maua manne. Samadi ndiyo ilikuwa mkosaji.

Mama amekuja kuona. Alipita kwenye asumini, akapita kwenye waridi, akasimama kwenye kopo. "Hili umelitoa wapi?" Nikamwambia nimelitoboa mwenyewe. Alilijaza bila kuniuliza akaanza kumwagilia, na mwendo wake ulikuwa uleule wa mbio za kuinama. Nilimfuata nyuma. Alipomaliza tuta la pili alisema, bila kugeuka:

"Sisi watoto wake tulikatazwa kumfuata huku."

"Kwa nini, mama?"

"Kutwa nzima watu kumi na mmoja walikuwa wakimwita. Mama hiki, mama kile. Jioni akishika kopo, asimwite mtu. Ilikuwa saa yake."

"Mbona mimi aliniruhusu?"

Alifikiri kidogo. "Wewe hukuwa msemaji."

Tukaendelea kumwagilia. Kwenye daftari la Februari niliandika "kimya" nikidhani naeleza mazingira.

30 Agosti. Mbegu

Nimeokota mbegu 140 za saa kumi, nimezikausha kivulini siku sita na kuzigawa kwenye bahasha tatu: ya dada, ya mdogo wetu asiyekumbuka, na ya msimu ujao. Za kichaka cha tatu nimeziweka peke yake, nione kama zitatoa tena ule ugomvi wa rangi.

Keni mpya nimeinunua, ya kumwagilia waridi la mbele. Kopo linavuja pia kwenye ushono wa ubavuni. Fundi wa bati amejitolea kuliziba bure, nikamwambia asubiri.